Wahome Mutahi: mutu aliyewafundisha Wakenya kuwacheka wakubwa

Kwa muda wa miaka karibu makumi mbili, familia nyingi za Kenya zilikuwa zikinunua gazeti la Jumapili na kufungua kwanza ukurasa mmoja tu: ule wa Wahome Mutahi. Siasa ilingoja, mupira ulingoja. Ukurasa huo uliitwa Whispers, ni kusema minong'ono. Jina lilifaa kabisa, juu Kenya ya wakati ule mutu akitaka kusema neno kuhusu serikali, alilisema kwa sauti ya chini, kiisha kugeuka nyuma.

Wazee wa Butembo na Beni hawana lazima ya kuelezewa hali hiyo. Wao pia waliishi ndani ya Zaire, chini ya chama kimoja cha MPR, ambamo kila raia alihesabiwa kuwa mwanachama tangu kuzaliwa. Tofauti ni kwamba Wahome Mutahi aliamua kunong'ona mbele ya watu wote, kwa maandishi, kila wiki, huku watu wakivunjika mbavu.

Aliujua uongozi kutoka ndani

Alizaliwa mwaka wa 1954 katika Nyeri, kwenye miteremko ya mlima Kenya, ndani ya jamaa ya Wakatoliki. Alisoma fasihi kwenye Chuo Kikuu cha Nairobi. Akiisha kumaliza masomo, hakukimbilia magazeti mara moja. Alifanya kwanza kazi ya serikali kama ofisa wa wilaya, mutu anayemwakilisha raisi huko chini vijijini. Kwa hiyo, alipoanza kuwachekesha watu juu ya wakubwa, hakuwa anabahatisha. Alikuwa ameona kwa macho yake namna mukubwa anavyongojewa kwenye jua, namna hotuba zinavyosomwa, namna raia wanavyopiga makofi bila kusikia kilichosemwa.

Whispers ilianza mwanzoni mwa miaka ya 1980, kwanza katika Sunday Standard, kiisha ikahamia Sunday Nation. Hazikuwa nyakati za mchezo. Tarehe 1 mwezi wa nane 1982, askari wa jeshi la anga walijaribu kumpindua raisi Daniel arap Moi na wakashindwa. Toka hapo serikali ikawa inaona adui kila mahali: katika vyuo vikuu, katika makanisa, katika magazeti.

Nyumba moja, inchi nzima

Mutahi alifanya nini? Hakuandika juu ya raisi. Aliandika juu ya nyumba.

Mwanaume wa nyumba hiyo ndiye Whispers mwenyewe, anayejiita mwana wa udongo. Anapenda pombe, anapenda kujisifu, na anaogopa bibi yake. Bibi huyo anaitwa Thatcher, jina la mwanamuke aliyetawala Uingereza kwa mukono wa chuma tangu 1979 hadi 1990. Kuna binti anayeitwa Pajero, sawa na motokari, na kijana anayebeba jina la baba yake. Kuna na mama muzazi huko kijijini, Appepklonia, mukristo wa kweli asiyeelewa mambo ya muji.

Msomaji alimcheka baba huyu anayetoa amri zisizofuatwa, anayerudi nyumbani usiku akiwa amekula pesa za chakula, kiisha anataka aheshimiwe. Lakini alipokuwa akicheka, alianza kuona sura ingine. Baba anayejiita mukubwa wa kila kitu, na ambaye kila mutu anajua ni mwoga, ni nani kumbe? Mutahi hakujibu. Alimwachia msomaji kazi hiyo. Hapo ndipo ufundi wake ulikuwa: askari wa upelelezi hawezi kukamata gazeti sababu baba fulani amegombana na bibi yake juu ya bia.

Lugha yake nayo ilisaidia. Aliandika Kiingereza, lakini Kiingereza kilichochanganywa na Kiswahili, Kikuyu na maneno ya vijana wa Nairobi, vile watu wanavyosema kweli ndani ya basi na sokoni.

Chini ya Nyayo House

Kucheka hakukumkinga. Mwaka wa 1986 serikali ilianza kuwasaka watu wa Mwakenya, chama cha siri cha upinzani. Walimu, wanafunzi na waandishi wengi walichukuliwa, hata wale ambao hawakuwa na uhusiano nacho. Mutahi alikamatwa pamoja na ndugu yake. Walifungiwa katika vyumba vya chini ya Nyayo House, jengo refu lililo katikati ya Nairobi. Juu, raia walikuja kutafuta paspoti. Chini, wengine walifungiwa gizani na kuteswa, mara nyingi ndani ya vyumba vilivyojazwa maji, mpaka wakubali makosa. Mutahi alikana kwamba alikuwa mutu wa Mwakenya, lakini alifungwa katika gereza la Kamiti.

Wengi waliotoka mahali pale walinyamaza, na hakuna wa kuwalaumu. Mutahi alirudia Whispers. Kiisha akaandika na vitabu. Three Days on the Cross, kilichotoka mwaka wa 1991, kinasimulia watu wanaoteswa juu ya kosa wasilolifanya, ndani ya inchi inayotawaliwa na dikteta. Mwaka uliofuata kulitoka Jail Bugs, juu ya maisha ya gereza na wadudu wake, wale wenye miguu sita na wale wanaovaa viatu. Mwaka wa 1996 alitoa How to Be a Kenyan, kitabu kidogo kinachowacheka Wakenya wote, raia na mukubwa pamoja.

Mchezo ndani ya bare

Kufikia miaka ya 1990, Mutahi aliona kwamba gazeti halitoshi. Wengi hawakuwa na pesa ya kulinunua, wengine hawakujua Kiingereza. Akaanza kuandika michezo ya kuigiza kwa Kikuyu, lugha ya mama yake, na yeye mwenyewe akaingia jukwaani.

Ilihitaji roho ngumu. Mwaka wa 1977, mwandishi Ngũgĩ wa Thiong'o alifungwa juu ya mchezo wa Kikuyu uliochezwa na wakulima na wafanyakazi wa Kamirithu, karibu na Limuru. Serikali ilivumilia vitabu vya Kiingereza, lakini iliogopa neno ambalo mama wa sokoni analielewa.

Mutahi hakungojea jumba la teatri. Alipeleka wachezaji wake ndani ya mabare na mahoteli, Nairobi na katika miji ya kwao. Watu walikuja na chupa zao mezani na kuona Mugaathe Mubogothi, ni kusema mheshimiwa anayeweweseka, au Makaririra Kioro, ni kusema watalilia chooni. Sasa raisi alichekwa waziwazi, katika lugha ya nyumbani. Karibu na wakati huo, vijana watatu wa kundi la Redykyulass walianza kumuigiza raisi ndani ya televizioni. Kitu kilichonong'onwa zamani kilikuwa kinaonekana sebuleni.

Mwisho usiochekesha

Mwezi wa kumi na mbili 2002, Kenya ilipiga kura na utawala wa Moi ukaisha. Mwaka wa 2003 serikali mupya ilifungua vyumba vya Nyayo House ili raia wavione.

Mutahi hakupata muda wa kuicheka serikali hiyo mupya. Tarehe 7 mwezi wa tatu 2003, alienda Thika kutolewa uvimbe, upasuaji mdogo. Alipewa dawa ya usingizi, na hakuamka tena. Alilala siku 137, na tarehe 22 mwezi wa saba 2003 akafa, akiwa na miaka 48. Mutu ambaye mateso na gereza havikumumaliza, alichukuliwa na upasuaji wa siku moja. Kifo chake kiliwafanya Wakenya wengi waulize maswali makali juu ya matunzo ya wagonjwa.

Leo, katika Butembo na Beni, vijana wenye simu wanatengeneza michezo ya kuchekesha kwa Kinande na Kiswahili, ndani ya jimbo lililowekwa chini ya utawala wa kijeshi tangu mwezi wa tano 2021. Maisha ya Wahome Mutahi yanawaachia mambo mawili yanayoeleweka. Kwanza, alijicheka yeye mwenyewe mbele ya kumcheka mukubwa, na ndiyo sababu watu walimwamini. Pili, alisema kwa lugha ya watu na mahali watu walipo. Hakuondoa utawala kwa kicheko. Lakini mutu aliyemcheka mukubwa wake Jumapili asubuhi, Jumatatu hakumuogopa tena sawa na mbele.