Jim Reeves hakuiona siku ya filamu yake

Wadau, wapenzi wa kantri mnamjua Jim Reeves kwa ile sauti yake ya upole. Ila wengi hamjui kama jamaa alicheza filamu. Alizaliwa Texas mwaka 1923. Besiboli ndiyo aliyoitaka, akaumia, akaingia kutangaza redioni, kisha muziki ukambeba. Mwaka 1963 alikwenda Afrika Kusini kuigiza Kimberley Jim, akiwa staa mwenyewe, mcheza kamari kwenye machimbo ya almasi. Tarehe 31 Julai 1964 ndege ndogo aliyokuwa akiirusha mwenyewe ikaanguka karibu na Nashville, kwenye mvua kubwa. Alikuwa na miaka 40 tu. Filamu ikatoka 1965, mwenyewe hayupo. Mimi hiyo ndiyo inaniuma: watu wanajaa sinema kumwona, yeye yuko kaburini. Mnasemaje wadau?