Erich Pommer

Erich Pommer (Hildesheim, 20 Julai 1889 – Los Angeles, 8 Mei 1966) alikuwa mtayarishaji wa filamu kutoka nchini Ujerumani. Anakumbukwa hasa kwa filamu za miaka ya 1920 zilizoipatia sinema ya Kijerumani sifa duniani. Alipoteza kazi nchini mwake kwa sababu alikuwa Myahudi, lakini baada ya vita alirudi kusaidia kuijenga upya sinema hiyo.

== Mwanzo wa kazi ==
Pommer alianza kazi mwaka 1907 mjini Berlin katika kampuni ya Kifaransa ya Gaumont. Baadaye aliwakilisha kampuni nyingine ya Kifaransa, Éclair, katika Ulaya ya Kati. Vita Kuu ya Kwanza ilipowafanya Wafaransa kuwa maadui, alianzisha kampuni ya Decla mwaka 1915.

Mwaka 1920 Decla ilitoa ''Das Cabinet des Dr. Caligari'', iliyoongozwa na Robert Wiene. Mandhari yake yalichorwa kwa rangi, yakiwa na kuta zilizopinda na vivuli vya kuchora, ili mtazamaji aone dunia kwa macho ya mtu aliyerukwa na akili.

== Ufa ==
Mwaka 1921 Decla-Bioscop iliunganishwa na Ufa, kampuni kubwa ya filamu nchini, na Pommer akawa msimamizi wa utayarishaji wake. Aliwapa waongozaji kama Fritz Lang na F. W. Murnau muda na fedha za kujaribu mambo mapya. Katika ''Der letzte Mann'' (1924) ya Murnau, kamera ilitembea pamoja na mhusika, na hadithi ikaeleweka karibu bila maandishi yoyote.

Uhuru huo ulikuwa na gharama. ''Metropolis'' ya Lang ilizidi sana bajeti yake, wakati Ufa ilikuwa tayari na madeni. Mwaka 1926, kabla filamu hiyo haijaonyeshwa, Pommer aliondoka kwenda Hollywood. Baadaye alirudi Ufa na kutayarisha ''Der blaue Engel'' (1930), filamu ya sauti iliyomfanya Marlene Dietrich kuwa nyota.

== Uhamishoni ==
Machi 1933, miezi miwili baada ya Adolf Hitler kushika madaraka, Ufa ilivunja mkataba wake. Pommer alifanya kazi Ufaransa, ambako alitayarisha ''Liliom'' (1934) ya Lang, kisha Uingereza, ambako yeye na mwigizaji Charles Laughton walitayarisha ''Jamaica Inn'' (1939) ya Alfred Hitchcock. Baadaye alihamia Marekani, akapata uraia mwaka 1944.

== Kurudi Ujerumani ==
Mwaka 1946 serikali ya kijeshi ya Marekani ilimtuma Ujerumani kama afisa wa filamu. Mtu aliyefukuzwa kazi mwaka 1933 sasa ndiye aliyeshughulikia leseni za watayarishaji na ufufuaji wa studio. Aliacha wadhifa huo mwaka 1949.

Filamu yake ya mwisho, ''Kinder, Mütter und ein General'' (1955), inahusu akina mama wanaowafuata wana wao wadogo waliokwenda vitani. Mwaka uliofuata alirudi Marekani, alikofariki akiwa na umri wa miaka 76.