MAREHEMU JOHN AKII-BUA, BINGWA WA VIUNZI

Vijana wanaosoma hapa Nyahanga wanawajua wanariadha wa Kenya na Ethiopia, lakini wachache wamelisikia jina la John Akii-Bua wa Uganda. Wazee wao walimjua.

Alizaliwa mwaka 1949 huko Lango, kaskazini ya Uganda, katika mji wa mzee mwenye wake wengi na watoto zaidi ya 40. Alijiunga na polisi, na huko ndiko kipaji chake kilikoonekana. Mwalimu wake, Mwingereza Malcolm Arnold, alimtoa katika viunzi vya mbio fupi akamtia katika mita 400. Hizo si mbio za mchezo: viunzi 10, karibu mita moja kwenda juu, na kati ya kimoja na kingine mita 35. Akii-Bua alijizoeza kwa kuruka huku amevaa fulana yenye vyuma vizito. Katika Michezo ya Jumuiya ya Madola, Edinburgh, 1970, alishika nafasi ya nne tu.

Ikaja Munich, tarehe 2 Septemba, 1972. Alipangiwa njia ya kwanza, ya ndani kabisa, ambayo kona zake ni kali na hakuna mkimbiaji anayeipenda. Alimaliza kwa sekunde 47.82, mtu wa kwanza duniani kushuka chini ya 48, akamwacha nyuma hata David Hemery, bingwa wa 1968. Kisha, badala ya kulala chini kwa uchovu, akaendelea kuzunguka uwanja akirukaruka kwa furaha.

Idi Amin alimsherehekea, huku askari wake wakiwaua Walango na Waacholi. Mwaka 1976 Afrika iligomea Montreal; kijana wa Kimarekani, Edwin Moses, akashinda na kuivunja rekodi ile. Naam, mbio za wawili hao pale Montreal hatukuziona.

Amin alipoanguka mwaka 1979, Akii-Bua alikuwa amekimbilia Kenya, bingwa wa Olimpiki katika kambi ya wakimbizi! Kampuni ya viatu ya Puma ilimsaidia kwenda Ujerumani Magharibi. Alikimbia tena Moscow mwaka 1980, asifike fainali. Baadaye alirudi kwao, akawafundisha wengine riadha.

Alifariki Juni 1997, akiwa na miaka 47, akazikwa kwa heshima za taifa. Uganda ilisubiri hadi 2012, Stephen Kiprotich aliposhinda marathoni ya London, kupata dhahabu ya pili ya Olimpiki.