Mehboob Khan na mama aliyekataa kumficha mwanawe

Wengi wetu tuliokulia Mombasa tulimjua Nargis kabla ya kumjua mwongozaji wake. Marehemu mama alikuwa akinipeleka sinema kutazama picha za Kihindi, na kila Mother India iliporudishwa, alitoka ncha ya leso imerowa machozi. Jina la Mehboob Khan nilikuja kulijua ukubwani.

Alizaliwa mwaka 1907 Bilimora, Gujarat, na shule hakupata ya kutosha. Bombay alianza kwa vijisehemu vidogo. Katika picha ya Alibaba ya 1927 alikuwa mmoja wa wale wezi arubaini. Mwaka 1935 akaongoza picha yake ya kwanza.

Tangu hapo hakufungwa na aina moja. Humayun (1945) ni ya wafalme, Anmol Ghadi (1946) ya nyimbo na mapenzi, Andaz (1949) ya wivu wa matajiri wa mjini, na Aan (1952) ya rangi, farasi na vita vya panga. Mtaani Bandra akajenga studio yake mwenyewe.

Lakini kisa kimoja alikirudia. Mwaka 1940 alitengeneza Aurat, habari za mama wa kijijini anayelea wanawe huku deni la mkopeshaji likimkaba. Miaka 17 baadaye akakitoa upya kwa jina la Mother India, ikawa picha ya kwanza ya India kuteuliwa kuwania tuzo ya Oscar. Hata mkopeshaji aliigizwa na mtu yule yule, Kanhaiyalal. Mwishoni mwana kipenzi anakuwa jambazi, anamteka msichana wa kijiji, na mama ndiye anayempiga risasi.

Mehboob alifariki Mei 1964, siku moja baada ya Nehru.

Nilipokuwa mdogo nilimwona mama yule katili. Leo vijana wenye mapanga wanahangaisha mitaa yetu, na sisi wazazi tunajua walikolala lakini twanyamaza. Sasa namwelewa. Simwambii mtu amuue mwanawe, hasha. Nasema tusiwafiche. Mtoto wa jirani anayekatwa panga njiani naye ana mama anayemngoja nyumbani.