Sam English: Mabao 44, na goti moja lililomwandama maisha yote

Msimu wake wa kwanza Rangers, 1931/32, Sam English alitupia mabao 44 ya ligi. Rekodi hiyo ya klabu haijavunjwa hadi leo. Ila ukilitaja jina lake Glasgow, wengi wanakumbuka jambo jingine.

Septemba 5, 1931, Rangers waliwakaribisha watani wao wa jadi Celtic uwanjani Ibrox, mbele ya mashabiki wapatao 80,000. Kipindi cha pili ndiyo kwanza kimeanza, English, straika wa miaka 23 mzaliwa wa Ireland, akachomoka na mpira kuelekea golini. Kipa John Thomson, 22, akajirusha miguuni pake. Goti likamgonga kichwani.

Baadhi ya mashabiki wa Rangers walishangilia, hadi nahodha wao Davie Meiklejohn akainua mikono kuwanyamazisha. Fuvu la Thomson lilikuwa limepasuka. Usiku uleule akafariki hospitalini.

Uchunguzi ulisema ni ajali, English hana kosa. Familia ya marehemu nayo haikumlaumu. Lakini majukwaani nani asikie? Kila alikokwenda alizomewa, wengine wakimwita muuaji. Mabao aliendelea kufunga, likiwemo moja la fainali ya Kombe la Scotland 1932. Raha ya mpira ndiyo iliyokuwa imeisha.

1933 akauzwa Liverpool kwa pauni 8,000. Kelele zikamfuata hadi huko. Akapitia Queen of the South na Hartlepools United, kisha 1938 akatundika daluga, ana miaka 29 tu.

Alifariki 1967. Siku hizi mfungaji bora wa Rangers hupewa tuzo yenye jina lake.