MAISHA YA MAKHAN SINGH, MTETEZI WA WAFANYIKAZI

Hapa kwetu Masimba wapo wachumaji wa majani chai, wavunja kokoto, wabeba mizigo na wanaolimia watu mashamba. Karo ya wengi wetu hutoka kwenye mikono hiyo. Je, kibarua akidhulumiwa atasemewa na nani? Swali hilo ndilo lililomsumbua hayati Makhan Singh maisha yake yote.

Makhan Singh alizaliwa tarehe 27 Desemba 1913 katika kijiji cha Gharjakh, Punjab, upande ambao siku hizi uko Pakistan. Babake, Sudh Singh, alikuwa seremala aliyekuja Kenya kufanya kazi ya reli. Kijana alimfuata Nairobi mwaka wa 1927. Alisoma kwa bidii ya mchwa, kisha akafanya kazi katika kiwanda cha babake cha kupiga chapa. Alikuwa pia malenga, akitunga mashairi kwa Kipunjabi.

Mwaka wa 1935 alichaguliwa katibu wa chama cha wafanyikazi wa Kihindi. Lakini yeye hakutaka chama cha watu wa rangi moja. Jina likabadilishwa, milango ikafunguliwa kwa wote. Mwaka wa 1937 chama kiligoma Nairobi kwa siku 62, mpaka waajiri wakanyosha mikono na kuongeza mishahara. Mwaka uo huo kilisajiliwa kwa jina la Labour Trade Union of East Africa.

Alipokuwa ziarani India, Waingereza walimtia ndani mwaka wa 1940, na hakuwa huru kamili hadi 1945. Hakufa moyo. Alirudi Kenya 1947, na tarehe 1 Mei 1949 yeye na Fred Kubai wakaunda East African Trade Union Congress, muungano wa vyama vya wafanyikazi. Kubai alikuwa rais, yeye katibu mkuu. Waliomba usajili, serikali ya mkoloni ikakataa katakata. Huo ulikuwa mtego, kwani sheria ilimhesabu kiongozi wa chama kisichosajiliwa kuwa mhalifu.

Tarehe 23 Aprili 1950, mkutanoni Kaloleni, Nairobi, Makhan Singh alidai waziwazi uhuru wa Afrika Mashariki. Loo! Mkoloni alikasirika si haba. Tarehe 15 Mei yeye na Kubai walikamatwa, na shtaka likawa hilo la kuongoza chama kisicho na cheti. Wafanyikazi wa Nairobi wakagoma, wakidai viongozi wao waachiliwe na mshahara usipungue shilingi 100 kwa mwezi. Walitawanywa kwa marungu na hewa ya kutoa machozi.

Makhan Singh alipelekwa mahakamani Nyeri, ambako alimwambia jaji kwamba Mwingereza hana haki ya kutawala Kenya. Akatupwa Lokitaung, jangwani Turkana, baadaye Maralal na Dol Dol. Alikaa kizuizini miaka 11 na zaidi, hadi Oktoba 1961. Baada ya uhuru hakupewa cheo kikubwa. Aliketi akaandika historia ya vyama vya wafanyikazi, kitabu kilichotoka mwaka wa 1969. Alifariki Nairobi tarehe 18 Mei 1973.

Ndugu msomaji, tofauti ya jana na leo ni hii. Yeye alishtakiwa kwa kukosa cheti alichonyimwa na serikali hiyo hiyo. Leo kifungu cha 41 cha Katiba ya 2010 kinampa kila mfanyikazi haki ya kuunda chama na kujiunga nacho. Tena kwa sheria ya mwaka wa 2007, Msajili akikataa kukisajili, wenye chama wana siku 30 za kukata rufani katika mahakama ya kazi. Mlango ambao Makhan Singh aliingizwa kama mshtakiwa, kibarua wa leo anaweza kuuingia kama mdai.

Lakini haki isiyojulikana ni kama chakula kilichofungiwa kabatini. Basi ukifika nyumbani jioni, wasimulie wazazi habari hii. Kidole kimoja hakivunji chawa.