Karoli Lwanga, Aliyewatuliza Wenzake

Wavuvi wa Nyamianda na wa pwani yote ya Uvira wanalijua ziwa Tanganyika. Katika miezi ya kiangazi upepo wa kusini huvuma kwa nguvu, na mawimbi hupiga ufukoni hata mitumbwi hushindwa kutoka. Mvuvi aliyefundishwa na baba yake siku ziwa lilipokuwa tulivu hahangaiki upesi dhoruba inapomkuta. Anayakumbuka maneno ya baba yake, anashika kafi yake vizuri. Yule asiyefundishwa hana la kukumbuka. Anapiga kelele tu. Moyo wa mtu nao uko hivyo hivyo. Habari za Karoli Lwanga zinaonyesha jambo hilo.

Mwaka 1878 Mapadri Weupe wa kwanza waliondoka Bagamoyo, wakaenda bara kwa miguu. Walipofika Tabora waligawanyika. Wengine walishika njia ya Ujiji, kwenye ziwa Tanganyika, na wengine walikwenda ziwa Nyanza mpaka Buganda, nchi ya mfalme Mutesa. Padri Lourdel alikuwa kati ya hao wa Buganda. Watu wa kule walimwita Mapera. Basi mapadri wa kwanza wa maziwa haya mawili walitoka katika msafara mmoja.

Karoli Lwanga alizaliwa Buddu, upande wa kusini wa Buganda. Alikuwa kijana mwenye nguvu, hodari wa mieleka, lakini mpole kwa watu. Alisikia habari za dini mpya, akapenda kujifunza.

Mwaka 1882 mapadri waliona hatari, wakaondoka Buganda. Walikaa kusini ya ziwa Nyanza karibu miaka 3. Wakati huo hapakuwa na padri, wala misa. Lakini wanafunzi wao hawakutawanyika. Wenye kujua sala waliwafundisha wasiojua. Maneno yakarudiwa tena na tena, mpaka watu wengi wakayashika kwa moyo. Mapadri waliporudi mwaka 1885 walifurahi sana, kwa kuwa wanafunzi hawakupungua, bali waliongezeka.

Mutesa alikufa mwaka 1884, na mwanawe Mwanga akatawala. Mwaka ule ule Lwanga aliingia kazini katika nyumba ya mfalme. Mlikuwa na vijana wengi mle, wakimtumikia mfalme. Mmoja wa wasimamizi wao alikuwa Yosefu Mukasa, Mkristu mwema. Yeye aliwafundisha dini na kuwakinga na mabaya, maana Mwanga alitaka kuwaingiza katika mambo machafu.

Mwanga alikuwa angali kijana, naye aliwaogopa wageni. Mwezi wa Oktoba mwaka 1885 alimwua Hannington, askofu wa Waprotestanti, aliyekuwa akija Buganda. Mukasa alimwambia mfalme waziwazi kwamba tendo hilo halikuwa la haki. Mfalme akakasirika, na tarehe 15 Novemba 1885 Mukasa naye akauawa. Vijana wakabaki kama watoto waliofiwa na mzazi. Siku hiyo hiyo Lwanga alikwenda kwa mapadri, akabatizwa. Tangu hapo yeye alishika nafasi ya Mukasa. Aliwafundisha wadogo, akawalinda, akawatia moyo.

Tarehe 25 Mei 1886 mfalme alikuwa Munyonyo, kando ya ziwa Nyanza. Alirudi kutoka kuwinda viboko, asiwaone vijana wake. Akauliza walikuwa wapi. Alipojua kwamba mmoja wao alikuwa akimfundisha mwenzake dini, alimpiga huyo kijana kwa mkuki, naye akauawa. Kisha akaamuru milango ifungwe, mtu asitoke.

Usiku ule vijana walijua kwamba kesho yake wangehukumiwa. Kati yao alikuwamo Kizito, mtoto wa miaka kama 14. Alikuwa amewaomba mapadri ubatizo mara nyingi, lakini alikuwa bado hajabatizwa. Lwanga hakulia mbele ya wadogo wake, wala hakuwadanganya kwamba hatari ilikuwa imepita. Aliwakumbusha maneno waliyokwisha jifunza, kwamba Mungu hamwachi mtu wake, na kwamba kifo si mwisho wa kila kitu. Waliokuwa hawajabatizwa aliwabatiza kwa mkono wake, na Kizito alikuwa mmoja wao. Tena husimuliwa kwamba alimwahidi Kizito kumshika mkono saa ya hatari itakapofika, wasimame pamoja. Mtoto akatulia.

Kulipokucha mfalme aliwaita wote barazani. Aliamuru wanaosali wajitenge na wasiosali. Lwanga alitangulia, na vijana wengine wakamfuata, Kizito pamoja nao. Wakafungwa kamba, wakahukumiwa kuchomwa moto.

Padri Lourdel alikuwa amekimbilia Munyonyo kuwaombea kwa mfalme, lakini hakusikilizwa. Aliwaona watoto wake wakipitishwa mbele yake wamefungwa. Hakuweza kusema nao hata neno moja. Aliinua mkono tu, akawabariki. Tangu saa ile vijana walikuwa na yale tu waliyokuwa nayo moyoni.

Walipelekwa Namugongo kwa miguu. Wengine waliuawa njiani. Waliofika walikaa karibu juma zima katika vifungo, wakingoja kuni zikusanywe. Waprotestanti nao walikuwa wamefungwa pamoja na Wakatoliki. Siku zile zilikuwa ndefu, na mtu angeweza kupotewa na akili kwa hofu. Lakini vijana walisali pamoja sala zile zile walizozoea, nazo ziliwapa nguvu.

Mmoja wao, Mbaga, alikuwa kama mwana wa Mukajanga, mkuu wa wauaji. Mukajanga alimpenda, akamsihi aseme neno moja tu, kwamba ameacha kusali, apate kumficha. Mbaga alikataa kwa upole.

Tarehe 3 Juni 1886 ilikuwa sikukuu ya Kupaa Bwana. Lwanga alitengwa na wenzake, akachomwa peke yake kwa moto wa polepole. Alisali, na mwishoni aliliita jina la Mungu. Kisha wenzake walifungwa katika matete, wakalazwa juu ya kuni. Denis Kamyuka alikuwa amefungwa pamoja nao, lakini alisamehewa siku hiyo hiyo, naye alisimulia aliyoyaona. Wauaji walidhani watasikia vilio. Walisikia sauti za watu wanaosali, mpaka zikanyamaza. Wakastaajabu.

Mwanga alidhani dini imekwisha. Lakini baada ya siku ile watu wengi zaidi walikuja kutaka kufundishwa. Tarehe 18 Oktoba 1964, huko Roma, Papa Paulo wa Sita alimtangaza Karoli Lwanga na wenzake 21 kuwa watakatifu. Mwaka 1969 alifika mwenyewe Uganda kuwaheshimu, akawa Papa wa kwanza kufika katika bara la Afrika wakati wa upapa wake. Kila mwaka tarehe 3 Juni watu wengi sana hukusanyika Namugongo, na kati yao wamo watu wa Kongo.

Vijana wale hawakutafuta kifo. Walipenda maisha, walipenda michezo, na Kizito alikuwa mtoto mcheshi. Tena hawakuwa na moyo wa jiwe. Hofu waliijua kama kila mtu. Lakini walikuwa na akiba. Maneno waliyoyarudia jioni baada ya jioni, wakati hakuna aliyewasumbua, ndiyo yaliyowatuliza siku walipokosa mwalimu na mtetezi.

Wazee husema akiba haiozi. Mtoto anayesikiliza mafundisho mema leo, shuleni, kanisani, na jioni mbele ya wazazi wake, anaweka akiba. Siku ya ugonjwa, siku ya msiba, siku ya kuogopa, atalitafuta neno moyoni mwake, naye atalikuta. Na akiwa na mdogo wake pembeni anayetetemeka, atakuwa na la kumwambia, na mkono wa kumshika.